Tunatuzwa kwa Kumbukumbu Zetu Wenyewe

Tarehe 26 Machi 2025 Marvel, kampuni ya filamu za mashujaa, iliwaonyesha watazamaji wake viti. Hapakuwa na kipande cha filamu wala hadithi yoyote. Kamera ilisogea taratibu, kwa zaidi ya saa tano, kutoka mgongo wa kiti kimoja hadi mgongo wa kiti kingine, na kila mgongo ulikuwa umeandikwa jina la mwigizaji atakayeonekana katika Avengers: Doomsday, filamu iliyopangwa kuingia kwenye majumba ya sinema Disemba 2026. Miongoni mwa majina hayo yalikuwamo ya Patrick Stewart na Ian McKellen, ambao wote wawili wamepita umri wa miaka 80 na ambao walicheza katika filamu ya kwanza ya X-Men mwaka 2000. Jina la mwisho lilikuwa la Robert Downey Jr., ambaye mhusika wake, Tony Stark, yaani Iron Man, alizikwa mbele ya macho yetu mwaka 2019. Watu walivitazama viti hivyo hadi mwisho, na wengi walilishangilia kila jina kana kwamba bao limefungwa.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikisikia maelezo yaleyale, barazani hapa Lamu na kwingineko: kwamba sinema ya siku hizi imeharibika kwa sababu watengenezaji wake wamekuwa watumwa wa mashabiki, na kwamba sanaa hufa pale msanii anapoanza kuuliza hadhira inataka nini. Nadhani maelezo hayo yanamshtaki asiye na hatia. Kuwapendeza watazamaji hakujaiua sanaa yoyote ninayoifahamu, na katika mwambao wetu huu ndiko kulikoilea. Ugonjwa uko mahali pengine. Filamu hizi zinamsikiliza shabiki pahala pamoja tu, pale anapokumbuka, kisha zinamlipa kwa kitu alichokuwa nacho tangu zamani. Anaingia na kumbukumbu yake, anaonyeshwa kumbukumbu hiyohiyo ikiwa imeng'arishwa, anatoka moyo umemjaa, na hadithi haijapiga hata hatua moja mbele.

Jambo hili linahitaji jina, na Kiswahili kinalo la karibu. Katika taarabu, msikilizaji anapoguswa na ubeti huinuka alipoketi, akaenda kwa madaha hadi mbele, akamtuza mwimbaji noti mkononi au kichwani. Tuzo hutoka kwa hadhira na kwenda kwa msanii, kwa sababu msanii ametangulia kutoa. Katika filamu ninazozizungumzia mkondo umegeuka: msanii ndiye anayemtuza shabiki. Anamtupia uso anaoujua, au maneno aliyowahi kuyapenda, au koti, au upanga, au muziki wa filamu aliyoitazama utotoni, na shabiki anashangilia kwa kuwa amekitambua kitu. Nitaliita basi kuwatuza mashabiki, na naomba msomaji aukumbuke mgeuko huo wa mkondo, kwa sababu hoja yangu yote imesimama juu yake.

Hapo ndipo wanaosema sanaa haipaswi kuisikiliza hadhira wanapokosea zaidi. Hoja yao ndiyo dhaifu kuliko zote katika mjadala huu, na mtu aliyewahi kuhudhuria arusi moja ya Lamu yenye taarabu hahitaji kuelezwa kwa nini. Marehemu Zein l'Abdin, mzaliwa wa Lamu na bingwa wa udi, aliziimba tungo za washairi ambazo wasikilizaji wake walizijua kwa moyo. Walizisubiri, walizidai, na ubeti ulipofika walitaka urudiwe. Hakuna aliyemwambia kwamba anajidhalilisha. Lakini tuangalie kwa makini mpaka uliokuwapo kati yao. Msikilizaji alikuwa na haki ya kuomba wimbo, haki ya kuomba ubeti urudiwe, hata haki ya kuuchukua ubeti huo na kumlenga nao jirani yake kwa kijembe. Haki ambayo hakuwa nayo ni ya kumtungia malenga ubeti unaofuata. Malenga alipofika mwisho wa shairi lake alifika mwisho, na aliyetaka jingine alisubiri litungwe jingine. Hadhira ilikuwa na nguvu kubwa juu ya namna wimbo ulivyoimbwa, na haikuwa na nguvu yoyote juu ya kile ambacho wimbo ulikuwa umekwisha kukisema.

Wala tusidhani jambo hili ni la Marvel na zama za intaneti pekee. Mwaka 1893 Arthur Conan Doyle alimuua mpelelezi wake, Sherlock Holmes, kwenye maporomoko ya maji ya Uswisi, kwa kuwa alikuwa amemchoka. Wasomaji walihuzunika na kukasirika, wakaandika barua, na mwaka 1903 Doyle akamrejesha kwa maelezo kwamba hakuanguka kamwe. Hadithi zilizofuata zilisomwa na bado zinasomwa. Wanaotetea mtindo wa leo hupenda kuutaja mfano huu, nao wana haki ya kuutaja. Hata hivyo Doyle alipomrudisha Holmes alilazimika kukaa chini na kumtafutia kesi mpya, moja baada ya nyingine, kila moja na maiti yake na fumbo lake. Kurudi kwa Holmes kuliwafungulia wasomaji mlango tu, na burudani yenyewe ilikuwa ndani ya nyumba. Katika viti vile vya Machi 2025 tulishangilia mlango.

Nataka kulitazama jambo hili kwa karibu, kupitia filamu moja. Spider-Man: No Way Home ilitoka Disemba 2021, wakati majumba ya sinema yalikuwa bado yanajiuguza baada ya korona, na iliingiza takriban dola bilioni 1.9 duniani. Siri yake kubwa, ambayo kila shabiki alikwisha kuikisia, ilikuwa kwamba waigizaji wawili wa zamani wa Spider-Man, Tobey Maguire na Andrew Garfield, wangetokea pamoja na Tom Holland. Mimi niliitazama nyumbani, mtaani Langoni, miezi kadhaa baadaye, pamoja na mtoto wa ndugu yangu aliyekuwa na miaka tisa. Hakuwa amezitazama filamu za zamani. Pale Garfield anapoingia kupitia duara la moto na kuvua barakoa, ukumbi mzima wa sinema huko Marekani ulilipuka kwa kelele. Mikanda iliyorekodiwa kwa simu ilisambaa kila mahali. Chumbani kwetu palikuwa kimya. Feni ilikuwa inazunguka, na yule kijana akaniangalia usoni, kwa kuwa aliniona nimetabasamu, akauliza: "Ami, huyu ni nani?"

Lilikuwa swali la haki, na filamu haikumjibu. Ili ajibiwe ilibidi niisimamishe, nimweleze kuhusu filamu mbili za 2012 na 2014, kuhusu studio nyingine na mkataba mwingine, kuhusu mambo ambayo hayamo ndani ya hadithi hata kidogo. Furaha ya pale ilikuwa imehifadhiwa nje ya filamu, ndani ya kichwa changu mimi, na yeye hakuwa na ufunguo wake.

Lakini filamu ileile ina tukio jingine, karibu na mwisho. Msichana anaanguka kutoka juu ya majukwaa yaliyozungushwa Sanamu ya Uhuru. Kijana anayempenda anazuiwa kumfikia, na Garfield ndiye anayejitupa, anamdaka, anatua naye chini salama. Kisha uso wake unabadilika. Macho yanajaa machozi, na inambidi yule msichana aliyeokolewa amuulize yeye kama yu salama. Aliyetazama filamu ya 2014 anajua kwamba mtu huyu aliwahi kumkosa mpenzi wake katika anguko kama hilo, naye akafa. Kijana wangu hakulijua hilo. Alisogea karibu na runinga, akauliza: "Ami, mbona analia?" Kabla sijafungua kinywa akajijibu mwenyewe: "Lazima kuna mtu alimwangukia zamani."

Nimeyafikiria mara nyingi maswali hayo mawili. Swali la kwanza lilimtoa mtoto nje ya hadithi, na la pili likamvuta ndani. Matukio yote mawili ni ya kuwatuza mashabiki, yamo katika filamu moja, chini ya mwelekezi mmoja, na yanamtumia mwigizaji yuleyule. Tofauti yao ni kwamba katika la pili kumbukumbu imepewa kazi. Mhusika anaibeba mwilini, inamwelemea, na uzito huo unaonekana hata na mtu asiyejua ulikotoka. Mtengenezaji filamu aliyefanya hivyo hajamdharau shabiki wala hajamfungia mgeni mlango. Kwa hiyo anayesema kwamba nyuso za zamani ni sumu daima amekosea, na anayesema kwamba zinatosha zenyewe amekosea pia.

Watu wa Pwani tunapaswa kulielewa hili upesi kuliko wengine, kwa sababu tumelelewa na sinema ya Kihindi. Humo staringi haingii chumbani kama watu wengine. Huonyeshwa kiatu chake kwanza, au mkono, upepo ukapepea, ngoma zikapanda, na uso ukaja mwisho. Na kibandani kila mtu hupiga mluzi. Katika majimbo ya kusini ya India mashabiki huzimwagia maziwa picha kubwa za mabango ya nyota wao. Kuna kutuza mashabiki kuliko huko? Na bado sinema hiyo haikuoza kwa sababu hiyo, kwa kuwa kule kuingia ni sehemu ya umbo lake, kama nyimbo na mapumziko ya katikati, na haijifanyi kuwa ndiyo hadithi. Katika Pathaan ya Januari 2023 Shah Rukh Khan alirudi kama staringi baada ya takriban miaka minne, na Salman Khan akamtokea ghafla ndani ya treni kuja kumsaidia. Mwishoni wanaume hao wawili, watu wazima wenye miili inayouma, wanakaa kando ya reli wakijadili kama wakati umefika wa kustaafu na kuwaachia vijana. Ni mashabiki wanaotuzwa hapo, bila shaka. Ila wanatuzwa kwa kuambiwa ukweli kuhusu umri wa watu wanaowapenda, na umri wao wenyewe.

Vivyo hivyo DJ Afro, ambaye masimulizi yake ya Kiswahili na Sheng yamejaza vibanda vya video nchini Kenya kwa miaka mingi, huwahudumia mashabiki kwa namna ambayo hakuna studio iliyowahi kuifikiria: anawafikiria watu walioketi kibandani, na kuigeuza filamu iwe yao. Hakuna anayehitaji kuwa ametazama filamu saba zilizotangulia.

Sasa niingie katika sehemu inayoniuma zaidi, nayo ni kifo. Watoto wa vibandani wana kanuni yao: staringi hafi. Nasi tulipokuwa watoto tuliisema, tukiwatuliza wadogo zetu waliojificha nyuso kwa viganja. Ilikuwa kanuni yenye utamu kwa sababu mara chache ilivunjwa, na ilipovunjwa tulitoka nje kimya kimya, tukatembea hadi nyumbani bila kusema na mtu. Filamu za leo zimetupa kanuni mbaya kuliko hiyo, kwamba staringi hufa, tena kwa kishindo, na kisha kifo hicho kinafutwa uso ukihitajika tena. Palpatine, mtawala mwovu, alitupwa shimoni katika filamu ya Star Wars ya mwaka 1983, na mwaka 2019 yu hai. Mwaka 2017 Hugh Jackman alimpa mhusika wake Logan, yaani Wolverine, kifo cha heshima, kaburi na vyote; mwaka 2024 filamu ya Deadpool & Wolverine ilianza kwa kulifukua kaburi hilo na kuitumia mifupa ya marehemu kama silaha, na Logan mwingine akaletwa kutoka ulimwengu sambamba. Filamu hiyo iliingiza zaidi ya dola bilioni 1.3. Watetezi watasema kwamba Downey naye hakufufuliwa, kwamba anarudi kama mhusika mwingine kabisa, Doctor Doom. Kisheria wana haki. Lakini Julai 2024, alipotangazwa jukwaani kwenye kongamano la mashabiki huko San Diego, alisimama amevaa barakoa ya mhusika huyo mpya, na ukumbi haukulipuka hadi alipoivua. Kilichoshangiliwa ni uso wa Tony Stark.

Sisi watu wa visiwa hivi tuna shujaa ambaye kila mtu anajua atakufa na kila mtu anajua vipi. Fumo Liongo hadhuriki kwa silaha yoyote ila sindano ya shaba ichomwayo kitovuni, na mwanawe wa kumzaa ndiye anayemchoma akiwa usingizini. Muhammad Kijuma wa Lamu aliuandika utendi wake mwaka 1913, nao ulikuwa ukisimuliwa tangu karne nyingi kabla yake. Hadhira ya Liongo ina kila sifa ya mashabiki: inamjua, inampenda, inaisubiri mikate ya mamake iliyofichwa tupa ndani na kupelekwa kifungoni, inausubiri usiku wa gungu ambapo makelele ya ngoma yanaificha sauti ya pingu zinazokatwa. Msimulizi anaituza katika kila hatua. Ila sindano ikifika, inaingia. Hakuna kizazi kilichomwomba malenga amrudishe Liongo, na hakuna malenga aliyejitolea kufanya hivyo, kwa sababu kila mmoja aliona kwamba ile pingu, ule mkate na ule wimbo wa gungu vina thamani kwa kuwa sindano inakuja.

Na katika utendi huo mna picha ambayo sijaona filamu iliyoifikia. Liongo aliyechomwa anainuka, anachukua uta wake, anatoka hadi kisimani, anapiga goti na kupachika mshale, na katika hali hiyo anakata roho. Watu wa mji hawajui kwamba amekufa. Wanamwona kwa mbali, amelenga, na siku baada ya siku hakuna anayethubutu kwenda kuteka maji. Wanaletwa watu wa kumsihi, analetwa mamake, anazungumza naye na hajibiwi, mpaka mwili unapoanguka wenyewe. Kila ninapowaona waigizaji waliofariki wakirudishwa kwa kompyuta naikumbuka picha hiyo. Peter Cushing, aliyefariki 1994, aliwekwa katika filamu ya 2016. Harold Ramis, aliyefariki 2014, aliwekwa katika filamu ya 2021. Christopher Reeve, Superman wa zamani aliyefariki 2004, alipitishwa mbele yetu mwaka 2023 kwa sekunde chache tu, amesimama na joho lake jekundu, bila kutenda lolote. Ian Holm, aliyefariki 2020, alirudishwa mwaka 2024. Waigizaji wa Marekani waligoma kwa siku 118 mwaka 2023, na matumizi ya nakala zao za kidijitali yalikuwa miongoni mwa mambo waliyoyapigania. Mwaka 2024 jimbo la California likapitisha sheria inayotaka ridhaa kabla ya kuitumia sura ya mwigizaji aliyefariki. Sheria hiyo ni nzuri, lakini inajibu swali la ruhusa pekee. Swali la msimulizi linabaki: maiti huyu amepiga goti kisimani, na ni nani ameshindwa kuteka maji kwa ajili yake?

Linganisha na Val Kilmer katika Top Gun: Maverick ya 2022. Saratani ya koo ilikuwa imemnyang'anya sauti, na waandishi hawakuificha. Mhusika wake naye ni mgonjwa, anaandika maneno yake kwenye kompyuta ili rafiki yake ayasome, na baadaye katika filamu anazikwa. Kilmer mwenyewe alifariki Aprili 2025. Mashabiki wa Top Gun ya kwanza, ya 1986, walituzwa hapo kuliko mahali pengine popote, nao walituzwa kwa kuaga.

Hoja ya fedha ndiyo yenye nguvu zaidi upande wa pili, na sitaki kuipita kwa haraka. Filamu moja ya aina hii hugharimu dola milioni 200 na zaidi kabla ya matangazo. Mtayarishaji anayeweka kiasi hicho mezani anatafuta chochote kitakachompunguzia hofu, na uso unaojulikana ni bima. Anaweza pia kusema kwamba bila mashabiki waaminifu mambo mengi mazuri yasingekuwapo; Star Trek ilipata msimu wake wa tatu baada ya barua za watazamaji kumiminika kwa kituo cha runinga mwishoni mwa miaka ya 1960. Yote ni kweli. Ila bima hiyo haifanyi kazi kama inavyodhaniwa. The Flash ya mwaka 2023 ilimrudisha Michael Keaton kama Batman baada ya zaidi ya miaka 30, ikamwonyesha Reeve pia, ikarundika kumbukumbu juu ya kumbukumbu, na iliingiza takriban dola milioni 270 duniani, kiasi kisichotosha kuirudishia studio fedha zake. Kumbukumbu ni kisima pia, na maji yake hayarudi kwa kasi ileile yanavyotekwa. Kila uso uliorudishwa mara moja unashangiliwa kidogo zaidi ya unavyostahili, mara ya pili kidogo pungufu, na hakuna nyuso mpya zinazopandwa ili zikumbukwe mwaka 2045. Mashujaa wanaorudishwa leo walikuwa wageni siku moja. Mtu fulani aliwaamini kabla hawajakumbukwa na yeyote.

Kuna pia suala la nani anahesabiwa kuwa shabiki. Kelly Marie Tran, binti wa wakimbizi wa Kivietinamu, aliingia katika Star Wars mwaka 2017 kama Rose, fundi asiye na ukoo mkubwa wala upanga wa mwanga. Matusi ya kibaguzi yaliyomiminwa juu yake mtandaoni yalimfanya mwaka 2018 afute picha zake zote za Instagram. Katika filamu iliyofuata, ya 2019, Rose anaonekana kwa muda mfupi sana. Waandishi walitoa sababu zao za kiufundi; lakini msichana yeyote aliyempenda Rose, awe Hanoi au Malindi, naye alikuwa shabiki, na hakuna aliyemtuza. Anayepiga kelele zaidi ndiye anayesikika studio, na hivyo neno "mashabiki" limebana maana yake hadi likawa jina la kundi dogo linalotaka kila kitu kibaki kama kilivyokuwa walipokuwa na miaka kumi na miwili.

Mtu anaweza kusema haya ni mambo ya Hollywood na sisi hayatuhusu. Yanatuhusu sana, kwa sababu Pwani tumeanza kufanya yaleyale bila hata mashujaa. Angalia video na filamu fupi zinazopigwa Lamu na Malindi. Utaona jahazi wakati wa machweo, punda katika uchochoro, mlango wa nakshi, bibi aliyejifunika buibui akipita polepole; na kama ni Malindi, nguzo ya Vasco da Gama na mawimbi nyuma yake. Mtazamaji wa mbali anatambua kile alichokiona kwenye kadi ya posta, na anatuzwa kwa kumbukumbu aliyoletewa na watu wa utalii. Punda huyo hana mwenyewe. Hajabeba mawe ya nani, hajaugua, hajagombaniwa na ndugu wawili. Mlango ule haufunguliwi.

Nikiri kwamba kutambua kuna haki yake ya kipekee kwa watu ambao hawajaonyeshwa vya kutosha. Filamu inapopigwa mjini kwetu, watu hukaa mbele ya skrini wakionyeshana kwa vidole: ile si Mkunguni, yule si fulani, lile si duka la fulani? Furaha hiyo ni safi, na haifanani na ya viti vya Marvel, kwa sababu ni ya mara ya kwanza. Lakini nayo huisha haraka. Filamu ya Subira, iliyoiwakilisha Kenya katika kuwania Oscar ya filamu ya kimataifa mwaka 2019, inaonyesha bahari ya Lamu kama filamu nyingine zote, ila ndani yake kuna binti anayetamani kuogelea na jamii yake haimruhusu. Bahari ileile ya kadi za posta imekuwa kitu anachonyimwa mtu. Ndiyo kazi niliyokuwa nikiisema kwa machozi ya Garfield. Waandishi wetu wa miswada, hasa vijana wanaorekodi kwa simu na kuhariri usiku, wasiogope jahazi wala mlango wa nakshi, kwa kuwa ni vitu vyetu. Waulize tu nani amekatazwa kuingia mlango huo, na nini kitampata akiingia.

Disemba 2026 viti vile vitakuwa na watu ndani yake. Kijana wangu sasa ni bwana mkubwa, amezitazama zote, na majina yote anayajua kunishinda. Nikimtajia kiti cha tatu ananitajia cha nne. Atashangilia, na sitamkataza. Atakayeuliza safari hii ni mdogo wake wa kike, mwenye miaka sita, ambaye hajui Tony Stark ni nani wala kwa nini uso wake unatufanya tunyamaze. Nitamkalisha mbele, karibu na skrini, na nisikilize anauliza swali lipi.